María de Padilla: Kimada wa mfalme aliyetangazwa malkia baada ya kufa

Mwaka 1362, katika mji wa Seville, kusini mwa Uhispania ya leo, Mfalme Pedro wa Castilla alisimama mbele ya wawakilishi wa ufalme wake na kutoa tamko zito. Alisema kwamba María de Padilla, mwanamke ambaye kwa miaka tisa watu walimjua kuwa kimada wake, alikuwa mke wake halali wa ndoa.

María hakuwepo kulisikia tamko hilo. Alikuwa amefariki dunia mwaka mmoja kabla.

Kwa nini mfalme ahangaike kuthibitisha ndoa na marehemu? Jibu linapatikana katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vilivyoitikisa Castilla katikati ya karne ya 14. Katika vita hivyo, swali la nani alikuwa mke na nani alikuwa hawara halikuwa umbea wa kasri. Lilikuwa swali la nani angerithi kiti cha enzi, na maelfu ya watu walipigana kwa sababu yake.

Castilla ya wakati huo

Katika karne ya 14 hakukuwa na nchi moja iitwayo Uhispania. Rasi ya Iberia iligawanyika katika falme tano: Castilla, Aragón, Ureno, Navarra, na ufalme wa Kiislamu wa Granada. Castilla ilikuwa kubwa kuliko zote.

Mfalme wa Castilla hakukaa mji mmoja. Alihama na watumishi wake, makarani, askari na hazina yake kutoka Burgos hadi Valladolid, kutoka Toledo hadi Seville, kulingana na vita, mavuno na siasa. Aliyetaka kuwa karibu na mfalme alilazimika kusafiri naye, au kukaa mahali ambapo mfalme angeweza kumfikia haraka.

Safari hizo zinaonekana hata katika maisha ya María. Binti yake wa kwanza, Beatriz, alizaliwa Córdoba, kusini. Wa pili, Constanza, alizaliwa Castrojeriz, kaskazini. Mwanawe Alfonso alizaliwa Tordesillas, kando ya mto Duero.

Suria, kimada au mke?

Msomaji wa Kiswahili anaweza kufikiria neno "suria". Lakini mambo ya Castilla yalikuwa tofauti. Katika sheria ya Kiislamu, mtoto wa suria anayekubaliwa na baba yake ni mtoto halali na ana haki ya kurithi. Ndiyo maana wana wa masuria wa Sayyid Said, wakiwemo Majid na Barghash, waliweza kutawala Zanzibar bila mtu kuhoji uhalali wa kuzaliwa kwao.

Kwa Wakristo wa Castilla, mtoto aliyezaliwa nje ya ndoa ya kanisa hakuwa na haki ya taji. Sheria za nchi zilimtambua mwanamke aliyeishi na mwanamume asiye na mke bila kufunga ndoa, naye aliitwa barragana. Lakini mwanamume akishakuwa na mke, uhusiano huo haukuwa na kinga yoyote ya sheria wala ya dini.

Kwa hiyo kimada wa mfalme aliweza kupewa miji, mashamba na vito, lakini hakuwa na cheo. Alichokuwa nacho ni upendeleo wa mtu mmoja tu, na mtu huyo akifa, kila kitu kilikuwa hatarini.

Kabla ya María alikuwepo Leonor

Ushahidi wa hatari hiyo ulikuwa bado mbichi María alipoingia katika maisha ya mfalme.

Baba yake Pedro, Mfalme Alfonso XI, alimuoa Maria wa Ureno mwaka 1328. Lakini aliyeishi naye kwa takribani miaka 20 alikuwa mjane mtukufu kutoka Seville, Leonor de Guzmán. Leonor alimzalia watoto kumi. Malkia alipata wana wawili tu, na ni mmoja aliyekua: Pedro, aliyezaliwa mwaka 1334.

Leonor alikuwa na mali na miji yake, ukiwemo Medina Sidonia. Mabalozi na wakuu walijua kwamba njia ya kumfikia mfalme ilipitia kwake. Wanawe mapacha walipewa vyeo vikubwa: Enrique akawa bwana wa Trastámara, na Fadrique, akiwa bado mtoto, akafanywa mkuu wa shirika la kidini na kijeshi la Santiago. Wakati huo wote, malkia na mwanawe Pedro waliishi pembeni.

Machi 1350, Alfonso XI alikufa kwa tauni akiwa ameuzingira mji wa Gibraltar. Ibn Battuta, msafiri yuleyule aliyefika Mombasa na Kilwa mwaka 1331, alifika Andalusia muda mfupi baadaye na kuandika kuhusu kifo hicho.

Siku chache zilitosha kumwangusha Leonor. Marafiki walimkimbia, naye akakamatwa na kufungwa. Hata hivyo, akiwa kifungoni Seville, alifanikisha ndoa ya mwanawe Enrique na Juana Manuel, binti wa mmoja wa ukoo mkubwa kabisa wa Castilla. Lilikuwa jambo lake la mwisho la kisiasa. Mwaka 1351 aliuawa huko Talavera, mji uliokuwa mali ya malkia mjane, na ni malkia huyo aliyelaumiwa kwa amri hiyo.

Enrique na ndugu zake hawakusahau.

Msichana aliyewekwa njiani

Pedro alikuwa na umri wa miaka 15 tu alipokuwa mfalme. Mwenye nguvu halisi alikuwa waziri wake, mtukufu wa Kireno aitwaye Juan Alfonso de Alburquerque.

Mwaka 1352 mfalme alielekea kaskazini, Asturias, kumkabili Enrique aliyekuwa ameasi. Njiani, huko Sahagún, alikutana na María de Padilla, msichana wa ukoo wa watukufu wa ngazi ya kati aliyelelewa katika nyumba ya mke wa Alburquerque. Mjomba wake María, Juan Fernández de Hinestrosa, ndiye aliyemleta.

Mengi tunayoyajua yanatoka kwa Pero López de Ayala, mwandishi wa historia aliyeishi wakati huo na kuwafahamu wahusika. Anasema Alburquerque mwenyewe ndiye aliyepanga wakutane, akiamini kwamba akimpa mfalme msichana kutoka nyumbani kwake ataendelea kumshika mkononi. Ayala anamweleza María kuwa mdogo wa umbo, mrembo sana na mwenye akili nzuri.

Hesabu za waziri zilikwenda kombo. Ndugu wa María walipata sikio la mfalme, na Alburquerque akalipoteza.

Harusi iliyodumu siku tatu

Tatizo ni kwamba Pedro alikuwa tayari ameposewa mke. Castilla ilikubaliana na Ufaransa kwamba atamuoa Blanche wa Bourbon, msichana wa miaka 14 hivi, ambaye dada yake alikuwa ameolewa na mrithi wa taji la Ufaransa. Familia yake iliahidi mahari ya florini 300,000 za dhahabu.

Blanche alifika Castilla mwanzoni mwa 1353, wakati María alipokuwa anajifungua Beatriz. Harusi ilifungwa Valladolid tarehe 3 Juni mwaka huo. Siku chache tu baadaye, mfalme alipanda farasi, akamwacha bibi harusi, na kurudi kwa María.

Wanahistoria wametoa sababu mbalimbali. Wapo wanaosema ni mapenzi tu. Wengine wanasema mfalme aligundua kwamba Wafaransa hawakuwa na fedha za kulipa mahari waliyoahidi. Vyovyote iwavyo, Blanche hakurudishwa kwao wala hakukubaliwa kuwa mke. Alibaki malkia kwa jina, na mfungwa kwa hali.

Nafasi ya María nayo haikuwa salama kama inavyoweza kudhaniwa. Mwaka 1354 Pedro alitamani mwanamke mwingine, Juana de Castro. Maaskofu wa Ávila na Salamanca wakakubali kutangaza kwamba ndoa na Blanche ilikuwa batili, na mfalme akafunga ndoa na Juana huko Cuéllar. Naye akaachwa mara tu baada ya harusi. Papa Innocent VI alikasirika na kuagiza hatua zichukuliwe.

Katika miaka hiyohiyo María aliomba ruhusa ya Papa kuanzisha nyumba ya watawa wa Mtakatifu Clara huko Astudillo, na akaijenga. Kwa mwanamke wa enzi hizo hilo lilikuwa tendo la ibada, lakini pia lilikuwa bima. Kimada aliyepoteza mfalme alihitaji kuta ambazo maadui wangeogopa kuzivunja, na kuta za watawa zilikuwa miongoni mwa chache za aina hiyo.

Alipata nini, na walipata nini ndugu zake?

María hakuongoza baraza wala kutia saini amri. Nguvu yake ilionekana zaidi katika vyeo vya ukoo wake. Kaka yake Diego akawa mkuu wa shirika la kijeshi la Calatrava. Ndugu yake mwingine aliwekwa mkuu wa Santiago kuchukua nafasi ya Fadrique. Mjomba Hinestrosa akawa mtu wa karibu kabisa wa mfalme, hadi alipouawa vitani Araviana mwaka 1359.

Kila cheo kilichowaendea akina Padilla kilitoka mikononi mwa familia nyingine kubwa. Hapo ndipo chumba cha kulala kilipogeuka uwanja wa vita.

Mwaka 1354 watukufu waliungana dhidi ya mfalme. Alburquerque aliyefukuzwa alijiunga na Enrique, Fadrique na hata malkia mjane, mama mzazi wa Pedro. Mjini Toledo, Blanche alikimbilia ndani ya kanisa kuu na kuomba hifadhi, na wakazi wa mji wakashika silaha kumlinda.

Madai ya muungano huo yalikuwa wazi: mfalme arudi kwa Blanche, na jamaa za María waondolewe madarakani. Wengi waliomwonea huruma Blanche kwa moyo safi walisimama bega kwa bega na wengine ambao shida yao ilikuwa vyeo.

Pedro alinaswa mjini Toro na kuwekwa chini ya ulinzi, huku wapinzani wakigawana nafasi serikalini. Mwanzoni mwa 1355 alitoroka akiwa kwenye uwindaji. Aliporudi na jeshi, kisasi chake kilikuwa kikali. Toledo ilitekwa, Toro ikaanguka mwaka 1356, na Blanche akaanza safari ya kuhamishwa kutoka ngome moja hadi nyingine.

Uso uliojaa huzuni

Tukio linaloonyesha vizuri zaidi maisha ya María karibu na mfalme lilitokea Mei 1358, katika kasri la Alcázar mjini Seville. Neno Alcázar lilitokana na Kiarabu al-qasr, na lina mzizi mmoja na neno letu "kasri".

Fadrique, ndugu wa kambo wa mfalme, aliitwa Seville. Alikuwa amesamehewa na alikuwa ametoka kumtumikia mfalme vitani. Baada ya kumsalimia Pedro, alikwenda kumwamkia María na binti zake katika vyumba vyao.

Kwa mujibu wa Ayala, María alijua kilichopangwa. Hakuweza kusema lolote, lakini alipomwona Fadrique uso wake ulijaa huzuni kiasi kwamba yeyote angeweza kuelewa. Fadrique hakuelewa. Muda mfupi baadaye alipigwa marungu hadi kufa na walinzi wa mfalme, ndani ya kasri hilohilo.

Ayala anaongeza kwamba María alikuwa mwanamke mwema ambaye hakufurahia mambo aliyoyafanya mfalme. Maneno hayo yana uzito kwa sababu Ayala hakuwa rafiki wa Pedro. Alimwacha na kuhamia upande wa Enrique, na kitabu chake kinaorodhesha mauaji ya mfalme moja baada ya jingine. Kama angetaka kumchafua María, nafasi alikuwa nayo.

Tukio hilo linaonyesha pia mpaka wa nguvu zake. María aliweza kumpatia kaka yake ukuu wa Calatrava, lakini hakuweza kumwokoa mtu aliyekuja kumjulia hali.

Vifo viwili katika mwaka mmoja

Mwaka 1361 Blanche alifariki akiwa kifungoni kusini mwa nchi, akiwa na umri wa miaka 22 hivi. Ayala anasema aliuawa kwa amri ya mfalme. Kwa Wafaransa, kifo hicho kilikuwa sababu tosha ya kumsaidia Enrique.

Mwezi Julai mwaka huohuo, María naye alifariki Seville, kwa ugonjwa. Alizikwa Astudillo, katika nyumba ya watawa aliyoijenga mwenyewe.

Mwaka uliofuata ndipo Pedro alipotoa tamko lake mbele ya Cortes, baraza la wawakilishi wa watukufu, kanisa na miji. Alisema alifunga ndoa ya siri na María kabla ya kumuoa Blanche. Alitaja mashahidi: padri wake, kaka wa María, karani mmoja, na Hinestrosa aliyekwisha kufa. Askofu mkuu wa Toledo aliunga mkono, na baraza likakubali. Mwili wa María ukarudishwa Seville kwa heshima za malkia.

Je, ndoa hiyo ilikuwepo kweli? Mashahidi walikuwa watu wa mfalme na jamaa wa María, na katika miaka tisa ya mgogoro, Papa akilalamika na miji ikiasi, mfalme hakuwahi kuitaja hadharani. Lakini manufaa yake yalikuwa bayana. Kama María alikuwa mke wa kwanza, basi Alfonso, mwanawe wa miaka mitatu, alikuwa mrithi halali. Kama hakuwa mke, Pedro hakuwa na mrithi kutoka kwake, na ndugu zake wa kambo walikuwa wakisubiri.

Mtoto huyo alikufa mwaka huohuo wa 1362. Haki ya urithi ikahamia kwa dada zake.

Watoto wa Leonor dhidi ya watoto wa María

Mwaka 1366 Enrique aliingia Castilla na jeshi la mamluki likiongozwa na Mfaransa Bertrand du Guesclin, akatawazwa mfalme huko Burgos. Pedro alikimbilia Bayonne, eneo lililokuwa chini ya Waingereza, akiwa na mabinti zake watatu. Aliomba msaada wa Edward, mrithi wa taji la Uingereza anayejulikana kama Mwanamfalme Mweusi, na mabinti hao wakabaki mikononi mwa Waingereza kama dhamana ya deni.

Aprili 1367 Pedro na Waingereza walishinda vita vya Nájera. Lakini deni halikulipwa, Waingereza wakaondoka, na Enrique akarudi. Machi 1369 Pedro alizingirwa huko Montiel, na tarehe 23 alikutana uso kwa uso na ndugu yake wa kambo ndani ya hema. Enrique alimuua kwa kisu.

Mtoto wa kimada Leonor akawa mfalme wa Castilla.

Lakini habari za mabinti wa María hazikuishia hapo. Mwaka 1371 Constanza aliolewa na John wa Gaunt, mtoto wa mfalme wa Uingereza, ambaye mara moja alianza kujiita mfalme wa Castilla kwa haki ya mkewe. Mdogo wake Isabel aliolewa na Edmund wa Langley, ndugu wa John. Kupitia Isabel, wafalme wa Uingereza wa ukoo wa York, waliopigana katika Vita vya Mawaridi karne iliyofuata, ni wa uzao wa María.

Mwaka 1386 John alipeleka jeshi Castilla lakini hakufanikiwa. Mwaka 1388 pande mbili zilikubaliana huko Bayonne. John na Constanza waliachana na madai yao kwa malipo makubwa ya fedha, na binti yao Catalina akaozwa kwa mrithi wa taji la Castilla, Enrique, aliyekuwa mtoto wa takribani miaka tisa.

Catalina alikuwa mjukuu wa María de Padilla. Bwana harusi alikuwa kitukuu wa Leonor de Guzmán. Ugomvi ulioanzia kwa wanawake wawili wasio na cheo ulimalizwa kwa kuunganisha damu zao. Malkia Isabel, aliyemfadhili Christopher Columbus mwaka 1492, alikuwa mjukuu wa ndoa hiyo.

Jina lililobaki

Baada ya kifo chake, María aligeuzwa mambo mengi. Simulizi za Uhispania zilimfanya mchawi aliyemroga mfalme. Mwaka 1841 Donizetti alimtungia opera. Huko Brazil, katika dini ya Umbanda yenye mizizi ya Kiafrika, Maria Padilha ni jina la roho mwenye nguvu anayeombwa katika mambo ya mapenzi.

Watalii wanaotembelea Alcázar ya Seville huonyeshwa mahali panapoitwa Mabafu ya María de Padilla. Kwa kweli ni hifadhi ya maji ya mvua iliyo chini ya ua.

Constanza, binti ambaye baba yake alilazimika kumtetea mbele ya baraza kuwa mtoto wa ndoa, aliishi Uingereza akiwa mke halali wa mume ambaye kwa miaka mingi alikuwa na kimada, Katherine Swynford. Constanza alipofariki mwaka 1394, John hakusubiri kufiwa na Katherine ndipo amtambue. Alimuoa kanisani mwaka 1396, akiwa hai, na watoto wao wakahalalishwa.

María hakuupata utambulisho huo maishani mwake. Leo anapumzika katika kaburi la chini la kanisa kuu la Seville, pamoja na Pedro, miongoni mwa wafalme.